Amri iliyokataliwa: Jenerali Mike Jackson na kiwanja cha ndege cha Pristina, Juni 1999

Jumapili ya tarehe 13 Juni 1999, Jenerali Wesley Clark, Mmarekani aliyekuwa Kamanda Mkuu wa majeshi ya NATO barani Ulaya, alifika Skopje, mji mkuu wa Makedonia. Alitaka njia ya kurukia ndege ya kiwanja cha Slatina, karibu na Pristina, izibwe ili ndege za Urusi zisiweze kutua. Aliyepaswa kuitekeleza amri hiyo alikuwa Luteni Jenerali Mike Jackson, Mwingereza wa Kikosi cha Miavuli, ambaye alikuwa anaongoza KFOR, jeshi la kimataifa lililoingia Kosovo siku moja tu kabla. Jackson alikataa. Alimwambia Clark kwamba hataanzisha Vita Kuu ya Tatu kwa ajili yake, na maneno hayo wote wawili waliyasimulia baadaye.

Kisa hiki husimuliwa sana kama pambano la jeuri mmoja na bosi wake. Kwangu mimi kinaeleweka vizuri zaidi kikisomwa pamoja na kurasa nyingine za utumishi wa Jackson, hasa ukurasa wa mji wa Derry, Ireland ya Kaskazini, mwaka 1972, ambako askari wa batalioni yake waliwapiga risasi waandamanaji. Mashabiki wake wanauruka ukurasa huo. Wapinzani wake hawasomi mwingine. Ukiziweka kurasa mbili pamoja unaona ni lini ofisa huyu aliweza kusimama na kusema hapana, na ni lini kalamu yake iliandika tu alichoambiwa.

Warusi walivyotangulia

NATO ilianza kuishambulia Yugoslavia kwa ndege tarehe 24 Machi 1999 ili kumlazimisha Rais wake, Slobodan Milošević, aondoe jeshi na polisi wake Kosovo, jimbo la Serbia ambalo wakazi wake wengi ni Waalbania. Mashambulizi yalidumu siku 78. Katika miezi hiyo Waalbania wa Kosovo wapatao 850,000 walifukuzwa makwao au wakakimbia wenyewe, na makundi kwa makundi yakakwama kwenye kivuko cha Blace, mpakani mwa Makedonia, watoto na wazee wakilala kwenye matope. Askari wa Jackson, waliokuwa Makedonia wakingoja amri ya kuingia Kosovo, ndio waliosimika mahema ya kambi za kwanza. Ni muhimu kulikumbuka hili. Jackson alipokuwa anabishana na Clark kuhusu lami ya kiwanja cha ndege, watu hao walikuwa bado wanangoja kurudi nyumbani, kwenye nyumba zilizochomwa na mashamba yaliyotegwa mabomu.

Milošević alikubali masharti tarehe 3 Juni. Waliompelekea ujumbe walikuwa Martti Ahtisaari, Rais wa Finland, na Viktor Chernomyrdin, mjumbe wa Rais Boris Yeltsin. Kwa maneno mengine, Urusi ilikuwa imesaidia kuimaliza vita hiyo. Usiku wa tarehe 9 Juni, baada ya siku kadhaa za majadiliano magumu, Jackson mwenyewe alitia saini makubaliano ya kijeshi na majenerali wa upande wa pili huko Kumanovo. Majeshi ya Serbia yalipewa siku 11 kuondoka. Kesho yake Baraza la Usalama la Umoja wa Mataifa likapitisha Azimio namba 1244, lililoidhinisha jeshi la kimataifa kuingia Kosovo.

Jambo moja lilibaki limening'inia. Urusi ilitaka ipewe sekta yake, yaani eneo la kulisimamia yenyewe, ndani ya Kosovo, na NATO haikutaka. Tarehe 11 Juni msafara wa askari wa Kirusi wapatao 200, waliokuwa Bosnia wakilinda amani pamoja na NATO hiyo hiyo, uliondoka kambini, ukakatiza Serbia, na usiku wa kuamkia tarehe 12 ukaingia Pristina. Waserbia wa mjini walimiminika barabarani kuushangilia. Haikupita muda, Warusi wakawa wamekamata kiwanja cha Slatina, mahali ambapo Jackson alikuwa amepanga kuweka makao yake.

Clark alikuwa ameshajaribu kuwatangulia. Tarehe 11 alitaka askari wa miavuli wa Uingereza na wenzao wa Ufaransa wapakiwe kwenye helikopta na kushushwa kiwanjani kabla Warusi hawajafika. Vijana wa Brigedi ya 5 ya Miavuli walikaa mashambani kando ya helikopta zao wakingoja. Jackson hakuupenda mpango ule. Wanajeshi wa Serbia walikuwa bado wamejaa njiani, makubaliano ya Kumanovo yaliweka utaratibu wa hatua kwa hatua, na kikosi chepesi kingeshushwa mbali na vifaru na mizinga ya kukikinga. Wafaransa wakajitoa, na mpango ukafa. Alfajiri ya tarehe 12 brigedi hiyo iliingia Kosovo kwa helikopta kulingana na makubaliano, ikashika bonde jembamba la Kačanik pamoja na madaraja na mahandaki yake, na nyuma yake vifaru vikaanza kupanda kuelekea Pristina.

Mvua, whisky na Kirusi cha chuoni

Jioni hiyo Jackson aliruka kwa helikopta hadi Slatina. Alikuwa amepanga kuzungumza na waandishi wa habari hapo hapo, lakini gari moja la deraya la Kirusi likawa linanguruma na kuzunguka karibu yao mpaka hakuna aliyesikia neno. Kisha mvua kubwa ikanyesha. Aliyekuwa anawaongoza Warusi alikuwa Jenerali Viktor Zavarzin, mtu ambaye kabla ya vita alikuwa mwakilishi wa kijeshi wa Urusi kwenye NATO. Wakaingia kujikinga kwenye jengo lililobomolewa na mabomu. Jackson alikuwa na chupa ndogo ya whisky, wakanywa pamoja, na akazungumza naye Kirusi.

Kirusi hicho hakikuwa cha kuokoteza. Jackson alizaliwa Sheffield tarehe 21 Machi 1944, akapitia chuo cha Sandhurst, na mwaka 1963 akapewa kamisheni katika Kikosi cha Ujasusi. Jeshi likamwacha asome masomo ya Kirusi katika Chuo Kikuu cha Birmingham, akahitimu mwaka 1967. Alihamia Kikosi cha Miavuli mwaka 1970. Basi askari aliyesomeshwa ili amwelewe adui wa Vita Baridi alijikuta, miaka 30 baadaye, amesimama na adui huyo kwenye jengo lile lililobomolewa, akimpima kwa macho na kwa lugha.

Alichokiona kilimtuliza. Warusi walikuwa wachache. Chakula na maji vilikuwa vinawaishia, na baada ya siku chache Waingereza ndio waliowapelekea maji. Vilevile Hungary, Romania na Bulgaria zilikuwa zimeifungia Urusi anga, kwa hiyo ndege zenye askari wa nyongeza hazikuwa na pa kupita. Kikosi kile cha watu 200 kilikuwa kimekamata kiwanja kisichoweza kupokea ndege hata moja.

Hapo ndipo ninapoona uzito halisi wa uamuzi wa siku iliyofuata. Jackson alipomkatalia Clark alikuwa ameshafika mahali penyewe, ameshazungumza na kamanda wa upande wa pili, na anajua hali ya ghala lao. Clark alikuwa na ramani, simu, na hofu iliyokuwa na msingi wake.

Hoja za Clark

Hofu hiyo isidharauliwe. Clark hakuwa mlevi wa vita. Alijeruhiwa Vietnam, na alikuwa ameshiriki mazungumzo ya amani ya Bosnia akajua jinsi Milošević alivyokuwa akiutumia kila mwanya. Aliogopa kwamba Warusi wakipata nguvu kiwanjani wangejitwalia eneo la kaskazini mwa Kosovo, waliko Waserbia wengi, na jimbo lingegawanyika vipande viwili kama ilivyotokea Ujerumani baada ya mwaka 1945. Waalbania wasingerudi kwenye nusu hiyo. Aliamini kwamba Washington na uongozi wa NATO walikuwa nyuma yake. Na kwa mpangilio wa vyeo yeye alikuwa mkubwa: nyota nne dhidi ya tatu, kamanda wa bara zima dhidi ya kamanda wa operesheni moja.

Jackson naye alikuwa na lake. Kuweka helikopta au magari ya deraya kwenye njia ya ndege, mbele ya bunduki za Warusi, kungeweza kuzaa risasi ya kwanza ambayo hakuna mtu angejua mwisho wake. Na hata bila risasi, Urusi iliyodhalilishwa hadharani ingeweza kuyaacha makubaliano iliyosaidia kuyapata, wakati makumi ya maelfu ya wanajeshi na polisi wa Serbia wakiwa bado hawajaondoka. Faida ya kuuziba uwanja ambao tayari umezibwa na anga iliyofungwa ilikuwa ndogo mno kulinganisha na hatari hiyo.

Mabishano yakawa makali. Clark alimkumbusha kwamba amri ile ni halali na kwamba akiikataa itambidi aachie wadhifa. Jackson hakurudi nyuma. Akampigia simu Jenerali Charles Guthrie, mkuu wa majeshi ya Uingereza, London. Guthrie alikubaliana naye. Clark alipozungumza na Guthrie, akakuta kwamba Jenerali Hugh Shelton, mwenyekiti wa wakuu wa majeshi ya Marekani, naye haoni sababu ya kukabiliana na Warusi. Clark akaishusha amri ikawa ya kuziba barabara za kuingia kiwanjani kwa magari ya deraya. Nayo ikaishia London.

Chombo kilichofanya kazi hapa kinaitwa na maofisa wa NATO kadi nyekundu. Nchi inayotoa wanajeshi wake kwa kamanda wa muungano humkabidhi madaraka ya kuwaongoza katika operesheni, lakini mamlaka ya mwisho juu yao hubaki kwa serikali yao. Amri ikionekana kuvuka mipaka ya kile ambacho nchi ilikubali, kamanda wa kikosi cha nchi hiyo ana haki ya kuipeleka kwao na kuizuia. Jackson alikuwa amevaa kofia mbili: ya kamanda wa KFOR aliye chini ya Clark, na ya ofisa wa Malkia aliye chini ya London. Alitoka chini ya ile ya kwanza akaingia chini ya pili, na huko akakuta watu wanaomwitikia.

Kwa hiyo sikubaliani na wanaosema kwamba Jackson alisimama peke yake. Alihatarisha cheo chake kwa muda, hilo ni kweli, na London ingeweza kumjibu vingine. Lakini alikuwa jenerali mwenye umri wa miaka 55, mwenye simu ya moja kwa moja kwa mkuu wa majeshi yake na utaratibu uliokuwepo kabla yake wa kuikataa amri. Ushujaa wake ulikuwa na mlango wa kupitia.

Matokeo yalimwunga mkono. Tarehe 18 Juni Marekani na Urusi zilikubaliana Helsinki: Warusi wakatawanywa ndani ya sekta za Wamarekani, Wafaransa na Wajerumani, wakaachiwa sehemu katika kuendesha kiwanja cha ndege, na hawakupewa sekta yao. Tarehe 20 Juni majeshi ya Serbia yalikuwa yamekamilisha kuondoka. Wakimbizi hawakungoja kuambiwa, walishaanza kurudi kwa matrekta. Warusi waliondoka Kosovo mwaka 2003. Clark aliambiwa mwezi Julai 1999 kwamba ataacha wadhifa wake mapema kuliko alivyotarajia, ingawa ugomvi wake na Washington ulikuwa na mizizi mingi kupita kiwanja hicho. Baadhi ya maseneta wa Marekani walikereka kusikia kwamba amri ya kamanda wao iliweza kuzuiwa na Mwingereza wa chini yake, na malalamiko yao yana mantiki: muungano ambao kila mtu anachomoa kadi yake kila siku hauwezi kupigana.

Kapteni wa mwaka 1972

Tarehe 30 Januari 1972, Jackson akiwa kapteni na mnadhimu wa Batalioni ya 1 ya Kikosi cha Miavuli, alikuwa Derry. Watu walikuwa wanaandamana kupinga sheria ya kuwaweka watu kizuizini bila kesi. Askari wa batalioni yake waliingia mtaa wa Bogside wakafyatua risasi zaidi ya 100. Watu 13 waliuawa siku ile, na mwingine aliyejeruhiwa akafariki baadaye.

Kamanda wa batalioni alikuwa Luteni Kanali Derek Wilford. Juu yake alikuwa Brigedia Pat MacLellan, ambaye aliruhusu operesheni ya kukamata wahuni iliyokuwa na mipaka. Tume ya Lord Saville, iliyochunguza kwa miaka 12 na kutoa ripoti tarehe 15 Juni 2010, iliona kwamba Wilford ama aliikaidi amri hiyo kwa makusudi au alishindwa, bila sababu ya maana, kuiona mipaka yake. Aliwapeleka askari ndani ya Bogside mahali ambapo hawakupaswa kwenda. Tume ikasema pia kwamba hakuna hata mmoja kati ya waliopigwa risasi aliyekuwa tishio la kuuawa au kuumizwa vibaya kwa askari.

Naomba msomaji aliangalie hili bila haraka. Derry amri ilivunjwa kwa kuipanua. Pristina amri ilivunjwa kwa kukataa kuipanua. Wanaomsifu Jackson kwa kutotii peke yake wamekosa shabaha, maana Wilford naye hakutii.

Usiku ule yakaandikwa maelezo ya risasi zilizopigwa: askari fulani alipiga kutoka hapa, mlengwa alikuwa mtu mwenye bunduki pale, au mtu mwenye bomu. Orodha hiyo ilikuwa kwa mwandiko wa Jackson. Katika ushahidi wake wa kwanza mbele ya Saville hakuitaja. Aliitwa tena Oktoba 2003, wakati huo akiwa ndiye mkuu wa jeshi la nchi kavu la Uingereza, akasema kumbukumbu yake ya kuiandika ilikuwa hafifu. Maelezo ya orodha ile hayakuoana na risasi zilizowaua watu kwa kweli. Ripoti haikusema kwamba Jackson aliutunga uongo, nami sitasema hivyo. Ripoti ilipotoka, Waziri Mkuu David Cameron aliomba radhi bungeni, na Jackson akasema hadharani kwamba anaungana naye.

Hata hivyo orodha ile, pamoja na maelezo mengine ya namna yake, ilikuwa sehemu ya picha ambayo jeshi liliipeleka kwa ulimwengu, kwamba waliokufa walikuwa na silaha. Familia zilibeba doa hilo kwa miaka 38.

Kati ya kapteni huyu na jenerali wa Skopje kuna mambo mengi, na mengine yalimchoma. Tarehe 27 Agosti 1979 huko Warrenpoint, IRA, kundi la wapiganaji waliotaka kuwaondoa Waingereza Ireland ya Kaskazini, ilitega bomu moja kwa msafara wa askari wa miavuli na bomu la pili, kama nusu saa baadaye, mahali walipokimbilia kujikusanya. Askari 18 waliuawa. Jackson, akiwa meja, alikuwa kamanda wa kombania katika batalioni yao na alifika eneo lile. Sina njia ya kuthibitisha kilichopita kichwani mwake Skopje, ila ofisa aliyeona kazi ya bomu la pili ana sababu ya kuuliza kila mara ni nini kinafuata baada ya hatua ya kwanza. Baadaye aliongoza Batalioni ya 1, brigedi mjini Belfast, kisha divisheni moja ya NATO nchini Bosnia mwaka 1995 na 1996.

Kuanzia Februari 2003 hadi Agosti 2006 alikuwa mkuu wa jeshi la nchi kavu, miaka ya Iraki. Ni katika kipindi chake, Septemba 2003, ambapo Baha Mousa, mfanyakazi wa hoteli mjini Basra, alikufa mikononi mwa askari wa Kiingereza kwa kipigo. Jackson aliiambia tume ya uchunguzi kwamba kifo hicho ni doa kwa jeshi lake. Alisema vizuri, lakini alisema mwaka 2010, akiwa ameshastaafu.

Jackson alifariki tarehe 15 Oktoba 2024 akiwa na miaka 80. Wanaomtetea kwa habari ya Derry husema kwamba kapteni hawezi kumpinga luteni kanali wake. Hiyo ni kweli kwa saa zile za risasi. Haitoshi kwa usiku ule wa kuandika. Mnadhimu aliyeshika kalamu hakuhitaji kadi nyekundu wala simu ya London. Alihitaji kumwuliza kila askari aliyekuwa mbele yake maswali matatu kabla ya kuandika mstari: ulisimama wapi hasa, ulimwona vipi kutoka hapo, na hiyo silaha unayoitaja iko wapi sasa?